Siti aliimba mambo ya mtaa waziwazi. Sisi tutayaimbaje?

Bint Kaskazini, Pemba

Assalaamu alaykum wanabaraza, na shikamoo kwa wakubwa.

Mimi ni mwalimu wa skuli ya msingi huku kaskazini ya Pemba, na jioni ninaimba kwenye kikundi chetu cha kinamama. Tuna vidumbak viwili (ngoma ndogo), sanduku la waya linalotoa besi, mkwasa (vijiti vya kugonga), cherewa za kutikisa, na kijana mmoja anayetupigia fidla akiwa hana safari ya Unguja. Kazi yetu kubwa ni maharusi. Sasa tumeombwa tuimbe kwenye shughuli ya siku 16 za kupinga udhalilishaji, zile zinazoanza tarehe 25 Novemba, na waliotuomba wanataka wimbo mpya unaohusu mambo ya hapa hapa. Wenzangu wamenitwika mimi kutunga.

Jambo lenyewe kila mtu analijua. Mtoto anafanyiwa ubaya, aliyemfanyia ni jamaa au jirani, wazee wa pande mbili wanakaa, linatolewa gunia la mchele na pesa kidogo. Kesi hata ikifika mahakamani inakufa kwa sababu shahidi haji. Ukimuuliza kwa nini hakwenda, anakwambia muhali, yaani kuoneana haya, nitamtazama vipi mama yake tukikutana bombani. Nimeyaona darasani kwangu. Mtoto aliyekuwa wa kwanza kunyoosha mkono akahamia dawati la nyuma, anachokonoa mbao kwa ncha ya penseli mpaka kengele inagongwa. Zaidi ya hapo sitasema juu yake.

Nikatunga hivi:

*Ua langu la shambani, nani aliyelikata?*
*Nyuki kaingia ndani, asali ameipata,*
*Mwenye ua yu shakani, hana wa kumfuata.*

Nikawaimbia wenzangu tukiwa tunasuka ukili. Mmoja akacheka, akasema huyu kaibiwa mume. Wa pili akasema hapana, mwenye shamba huyu, kaibiwa karafuu zake. Hakuna aliyemuona mtoto mle ndani.

Ndipo nikamfikiria Siti binti Saad, mwimbaji wetu wa taarabu wa zamani. Wimbo wake wa Kijiti tunausikia tangu utotoni, na kila anayeusikia anajua ni habari ya mauaji, hahitaji kufafanuliwa. Nataka kujua alifanyaje. Alikuwa na ujasiri gani, mwanamke wa asili ya utumwa, chini ya sultani na Mwingereza, kusimama akaimba kesi ya mahakamani? Na mimi nikisema wazi, itabaki kuwa taarabu au itakuwa hotuba yenye fidla?

Naomba anayejua kutunga anisaidie. Sifa sizitaki, nataka kazi itengenee.

Fundi Sanduku, Ng'ambo

Dada yangu, hongera kwa kulibeba hili. Sisi watu wa kidumbak hatuna shida ya kusema wazi, ndiyo kazi yetu tangu zamani. Taarabu ya ukumbini wanakaa vitini na mafumbo yao, kidumbak kinapigwa uwanjani na watu wanasimama. Kwa hiyo usiogope.

Ushauri wangu mimi: weka mapigo ya haraka wainuke wacheze, halafu weka kiitikio kifupi ambacho hata mtoto atakishika. Kwa mfano: "Tupinge, tupinge udhalilishaji, tuseme hapana." Wakirudi nyumbani wote watakuwa wanakiimba. Kama mnahitaji waya wa sanduku niambieni, ninao mzuri, nitauweka kwenye boti ya Wete.

Bi Fidla, Miembeni

Waalaykumu salaam mwanangu, marahaba. Mimi napiga fidla kwenye taarabu za kinamama kwa miaka mingi, na mpigaji anakaa pahala pazuri, anamuona mwimbaji mgongoni na wasikilizaji usoni. Nitakujibu kwa niliyoyaona kutoka kiti hicho.

Tuanze na Kijiti, kwa sababu jibu lako liko mle. Mwanamke mgeni kutoka bara alikuja Unguja kutembea. Huyo Kijiti akamtoa matembezi, akamnywesha, akamfikisha maguguni, akamuua, na mwanamke alikuwa na mimba. Muuaji akavuka maji akaenda zake bara. Waliobaki mbele ya jaji ni wanawake waliokuwa naye, mashahidi, na hao ndio waliokasirikiwa wakafungwa. Yote hayo yamo ndani ya wimbo. Kijiti katajwa kwa jina. Wanawake waliofungwa wametajwa kwa majina. Jaji yumo, kaketi kitini, na hasira zake na tusi lake la Kizungu.

Sasa sikiliza kwa sikio la mtunzi. Hakuna hata ubeti mmoja unaosema kuua ni vibaya. Hakuna "jamani tubadilike". Mwanzo mwimbaji anawaita watu waje watazame alivyofanya mtu. Halafu, bila kupiga hodi, anayesema si mwimbaji tena, ni marehemu mwenyewe: aliniambia twende, na laiti ningelijua nisingekwenda. Baadaye anasema jaji. Sauti inahama kutoka kinywa hadi kinywa, na mimi kila tunapoupiga, pale anapoingia marehemu mkono wangu wa upinde unakuwa mzito. Hiyo ndiyo kazi. Siti hakuwafundisha watu la kuhisi, aliwaweka ndani ya chumba cha mahakama wakasikia wenyewe.

Umeuliza ujasiri aliupata wapi. Mimi naona aliupata kwa watu waliokuwa wamekaa naye. Alizaliwa Fumba, yapata 1880, na jina alilopewa kwanza lilikuwa Mtumwa. Alikuwa akifinyanga na kuuza vyungu. Mwaka 1911 akaingia mjini, na watu wa mjini walimsimanga kwa kaniki yake, kwa sura yake, kwa asili yake, wakasema isipokuwa sauti angekula nini. Na yeye akawajibu kwa wimbo, kwamba uzuri wa sura na nasaba si hoja, hasara ya mtu ni kukosa akili. Akafundishwa kuimba Kiarabu na mtu wa Ikhwani Safaa, chama cha tangu 1905, maana taarabu wakati huo ilikuwa bado ina harufu ya jumba la Sayyid Barghash, aliyempeleka Mohamed Ibrahim Misri akajifunze kupiga kanuni, ile ala ya nyuzi. Halafu Siti akaiimba kwa Kiswahili, na wanamuziki wenzake akina Subeti Ambar, Mbaruk, Buda na Maalim Shaaban nyuma yake, na mazoezi wakiyafanya nyumbani kwake Ng'ambo huku majirani wamejaa.

Fikiri ni nani hao majirani. Wachukuzi wa bandarini, madobi, wanawake wanaofanya kazi majumbani mwa watu, mafundi. Watu ambao mahakama wanaijua kwa kusimamishwa kizimbani. Jioni wanakuja na habari: leo fulani kafungwa, leo fulani kalipishwa kodi ya kiwanja. Habari inazungumzwa, inabishaniwa, inapatiwa vina. Wimbo unapotoka, nusu ya mtaa tayari ni mashahidi wake. Ilipofika 1928 akapelekwa Bombay kurikodi sahani za santuri kwa Kiswahili, na sauti ya binti mfinyanzi ikawa inasikika mpaka bara kwenye mikahawa.

Kwa hiyo, mwanangu, usitunge peke yako. Umesema mnasuka ukili pamoja. Basi hapo ndipo pa kutungia. Usiwapelekee ubeti uliokwisha kupikwa, wapelekee habari, uone wao wanaisema kwa maneno gani. Neno la "mchele" umeliandika mwenyewe kwenye swali lako kisha ukaliacha nje ya wimbo ukaingiza nyuki. Mchele ndio wimbo! Kila mwanamke wa Pemba atakayesikia gunia la mchele limeletwa na wazee jioni atajua ni jambo gani, kabla hujafika kina cha mwisho.

Sasa habari ya kuwa wazi kukawa hotuba. Nikwambie nililoliona. Unajua kwenye taarabu mtu hamtunzi mwimbaji pesa ovyo. Mwanamke anangoja mstari wake. Ukifika, anainuka, anacheza taratibu mpaka mbele, anamwekea mwimbaji noti yake, na ukumbi mzima unajua huo mstari kampiga nao nani. Tulikuwa tunapiga kwenye harusi moja huku mjini, mwimbaji akaimba ubeti wa jirani aliyeona akanyamaza. Mama mmoja mtu mzima, kavaa kanga zake mpya bado zina wanga, akainuka na noti ya elfu mbili. Hakucheza. Alitembea. Akaiweka, akabaki amesimama pale akiwapa mgongo meza nzima ya jamaa zake mpaka mshororo ukarudiwa. Hakuna hotuba inayoweza kumuinua mtu vile. Kilichomuinua ni kwamba mstari ule ulikuwa na mlango, ulikuwa na taa iliyozimwa, ulikuwa na mtu anayesikia kilio upande wa pili wa ukuta. Wimbo ukiwa na kitu cha kushika, mtu atajishika mwenyewe.

Ndiyo maana, Fundi Sanduku mwanangu, kiitikio chako sikikubali, na usiniwie vibaya. "Tupinge" wataitikia siku ile uwanjani kwa sababu kuna maturubai na wageni rasmi. Hakuna atakayekiimba akifua. Na mapigo ya haraka yanameza maneno. Kidumbak kina sehemu yake ya kuchangamka, lakini beti hizi zipigeni polepole, mwimbaji peke yake na fidla ikimjibu mwisho wa kila mshororo, sanduku lingoje.

La mwisho kwa leo. Wengi wanamtaja Siti wanamsahau Bi Kidude, Fatuma binti Baraka, aliyefariki tarehe 17 Aprili 2013. Kijiti naye aliuimba, na dunia ilimpa tuzo ya muziki ya WOMEX 2005 kwa taarabu. Lakini nyumbani alikuwa pia mpiga ngoma wa unyago. Na unyagoni, mlango ukishafungwa, wanawake wako peke yao na wari wao, hakuna fumbo lisilofumbuliwa. Mtoto wa kike anaambiwa mwili wake ni upi na mume ni nani. Kwa hiyo wanaosema utamaduni wetu haujui kusema wazi hawajakaa ndani ya chumba hicho. Unajua, ila una pahala pake na wasikilizaji wake. Wewe kazi yako ni kuutoa uwazi ule ukumbini bila kumvua mtu nguo.

Maalim wa Mtambwe

Bi Fidla nimekusoma kwa heshima, na mengi umesema kweli. Nina neno la kupinga.

Siti tumuache alivyokuwa. Aliimba Kijiti, naam. Aliimba pia mapenzi, tena mengi, na aliimba Kiarabu kwenye majumba ya wakubwa, na kwa masultani aliitwa akaenda. Wakati huu tunapenda kumfanya mwanaharakati wa siku zote, hata Chama cha Waandishi wa Habari Wanawake kilipotoa jarida lake kikaliita Sauti ya Siti, na sikulaumu hilo, jina zuri. Lakini mtu anayesoma Wasifu wake ulioandikwa na Shaaban Robert anakutana na mwanamke mwenye adabu kubwa ya neno, aliyejua lini aseme na lini afunike. Fumbo kwake halikuwa woga. Nyimbo zinazosema wazi kama Kijiti zilikuwa sehemu ya kazi yake, tena kwa jambo ambalo mji mzima ulikwisha kulijua, mtu kafa, na mkosaji kavuka bahari.

Hapa kwetu mambo ni mengine. Mkosaji hajavuka. Yupo, anaswali safu ya pili. Mtoto yuko hai, anakwenda skuli, ana miaka mingi mbele ya kuishi katika kijiji hicho hicho. Ng'ambo ilikuwa mji wa watu wengi, kijiji cha Pemba ukitaja mwembe tu watu wanajua nyumba. Mwalimu akiimba wazi, kesho yake kila kidole kitaelekea kwa mtoto. Hilo Siti hakulazimika kulipima, yeye aliyemuimba alikuwa keshazikwa.

Na hata huyu binti wa leo, Siti Amina, anayepiga udi na kundi lake na kuimba habari za mke anayepigwa ndani, anaimba jukwaani Ngome Kongwe mbele ya watu wasiomjua huyo mke ni nani. Wewe utaimba mbele ya shangazi zake.

Mimi ningebaki na fumbo, ila fumbo lililo karibu zaidi kuliko ua na nyuki. Hilo la ua limechoka, limetumika kwenye kila wimbo wa mapenzi tangu nina akili.

Mkaazi wa Chake

Nafanya kazi na kesi hizi, nitasema machache. Maalim ana haki juu ya mtoto. Msitaje jina, umri, skuli, shehia, wala kazi ya baba yake. Hata "mtoto wa darasa la tatu" inatosha kumtambulisha.

Upande wa pili, Bi Fidla pia ana haki, kwa sababu kinachotuua sisi ni ushahidi. Hospitali zetu zina Kituo cha Mkono kwa Mkono, daktari, polisi na ustawi wa jamii wote chumba kimoja, mzazi hana haja ya kuzunguka ofisi kwa ofisi. Wanafika. Faili linafunguliwa. Halafu miezi miwili mitatu inapita, na aliyeona anaanza kusema hakumbuki. Kama wimbo unaweza kumgusa huyo mtu, basi mimi ningeuelekeza wote kwake, nisimguse mtoto kabisa.

Bint Kaskazini, Pemba

Nawashukuru sana nyote. Maalim, maneno yako ya kidole kuelekea kwa mtoto yalinifanya nifute kila nilichokuwa nimeandika tena. Kisha nikasoma ya Mkaazi wa Chake, nikaona njia: mtoto awepo lakini asionekane, tuwaone waliomzunguka.

Nilifuata shauri la Bi Fidla. Nikawapelekea wenzangu habari tupu, bila ubeti. Bi mkubwa mmoja ambaye huwa hasemi akasema, "Kile kikao mimi nilikipikia chai." Basi. Hapo kila mtu akaanza. Nani alikaa wapi, nani alikohoa, nani alisema tulimalize sisi kwa sisi. Sikuandika majina, niliandika yale yanayotokea kila kijiji.

Hizi hapa beti mbili:

*Walikaa barazani, jambo wakalimaliza,*
*Mchele ukaja ndani, mama wakamliwaza,*
*Mtoto yuko chumbani, nani wa kumuuliza?*

*Shahidi aliyeona, leo asema hajui,*
*Wazee wanajuana, haki hawaitambui,*
*Mwenye kosa twamuona, apita hajisumbui.*

Nina maswali mawili. Ubeti wa pili ni mkali kwa wazee, na baadhi yao watakuwa wamekaa mbele kwenye viti. Niupunguze? Na kiitikio bado sina, kila ninachojaribu kinakuwa cha Fundi Sanduku (samahani kaka).

Fundi Sanduku, Ng'ambo

Hakuna ubaya dada. Nimesoma ubeti wa kwanza nikanyamaza. Kiitikio changu nimekitupa mwenyewe. Waya nautuma kesho.

Maalim wa Mtambwe

Mizani iko sawa, silabi nane kwa nane, na vina vimetulia. Ubeti wa kwanza naukubali wote. Umenitoa kwenye hoja yangu, maana hapo umesema wazi na hujamfichua mtu. Kila kijiji kitadhani kinasemwa chenyewe.

Katika wa pili, "haki hawaitambui" ndipo ulipoanza kuhutubu. Wazee hao haki wanaitambua sana, tatizo lao si ujinga. Tafuta walichokifanya badala ya kuwapa sifa. Mkali wacha uwe mkali. Mimi ni mzee, nitakaa kiti cha mbele nikialikwa, na ninataka kuusikia.

Bi Fidla, Miembeni

Maalim kaona pale pale nilipopaona mimi. Mshororo ule wa pili badilisha kipande cha nyuma tu. Jaribu *Wazee wanajuana, wamemtumia ndui*, hapana, ndui ni ugonjwa, nimekaa hapa nahesabu kwa vidole nimekwama na kina cha "ui". Waulize wale wa ukili, wao wana maneno. Ikishindikana, ubadilishe kina chote. Usilazimishe kina kikakuharibia habari, hicho ndicho kinachoua tungo nyingi ninazoletewa.

Kiitikio umeshakitunga na hukijui. *Nani wa kumuuliza?* Basi, hicho. Mwimbaji amalize ubeti wo wote, wa kwanza au wa pili, na wanawake nyuma waulize hivyo hivyo mara mbili, bila kupandisha sauti. Swali lisilojibiwa linamkaa mtu kichwani, atakwenda nalo bombani.

Bado kuna upungufu mmoja. Nilikwambia habari ya Kijiti, jinsi sauti inavyohama kinywa. Kwako mpaka sasa anayesema ni mmoja, wewe. Mtoto hatumsemeshi, tumekubaliana. Mkosaji hastahili ubeti. Lakini mama yupo. Aliletewa mchele, akaliwazwa. Alifanya nini na ule mchele? Mpe yeye ubeti wa tatu aseme kwa "mimi". Usimtetee wala usimlaumu, mwache apike.

Na melodia msitafute ngeni. Chukueni sauti mnayoimbia kumsifu bibi harusi, ile ya polepole, masikio yao yameizoea na hayatakuwa na kazi ya kujifunza mbili kwa mpigo. Mwambie kijana wa fidla asilie sana. Wapigaji vijana wakisikia habari ya huzuni wanateleza kila noti mpaka watu wanachoka kabla ya maneno.

Bint Kaskazini, Pemba

Bi Fidla, mama kapika. Huu hapa:

*Mchele niliupika, na wanangu wakashiba,*
*Mmoja hakuutaka, machozi yakamkaba,*
*Kila nikiukumbuka, tonge hugeuka mwiba.*

Tumeujaribu jana baada ya laasiri, mimi nikiimba na wenzangu wakiitikia. Tulipofika "mmoja hakuutaka" yule bi mkubwa wa chai aliweka ukili chini akaanza kuitikia kabla ya zamu. Ubeti wa pili wenzangu wameniambia nisiseme habari ya haki kabisa, niseme *Wazee wanajuana, wasema kesi haikui*. Nimehesabu kipande cha nyuma kinazidi mizani moja. Je, mwimbaji anaweza kuimeza moja, au ni kosa?

Maalim wa Mtambwe

Toa "wasema", weka "wanena"? Hapana, ni ile ile. Andika *neno lao halikui*. Nane. Maana yake wamelifupisha jambo kubwa likawa dogo, na ndivyo walivyofanya.

Bi Fidla, Miembeni

Chukua ya Maalim. Mwimbaji anaweza kumeza mizani moja, Siti mwenyewe na wakubwa wote wamemeza, lakini kwenye ubeti wa polepole itasikika.

Ubeti wa tatu usiuguse tena hata herufi. Ukifika hapo fidla inyamaze kabisa, mkwasa unyamaze, uimbe juu ya kidumbak kimoja tu, na sanduku liingie baada ya neno la mwisho, kwenye kiitikio. Uwe wa mwisho. Wageni rasmi wakitaka kuongeza hotuba, waitoe kabla yenu.

Na mkishaimba niandikie ni nani aliyekuja kutunza, na alikuja kwenye mshororo upi.